Nimesimamishwa kazi na chama cha ushirika, mshahara umekatika: niende wapi?

SWALI: Ndugu mwanasheria, mimi ni karani wa mizani na mtunza kumbukumbu wa ghala katika AMCOS (chama cha msingi cha ushirika wa masoko ya mazao) moja ya Wilaya ya Chamwino, mkoani Dodoma. Nimekitumikia chama hiki kwa miaka saba kwa mkataba wa maandishi, na mshahara wangu ni shilingi 360,000 kwa mwezi. Tarehe 14 Machi mwaka huu mwenyekiti wa Bodi alinikabidhi barua yenye mistari mitatu: "Umesimamishwa kazi kuanzia leo hadi itakapoamuliwa vinginevyo kutokana na upotevu wa alizeti msimu uliopita. Utalipwa nusu mshahara. Kabidhi funguo za ghala." Nusu hiyo nililipwa mwisho wa Machi tu. Aprili, Mei na Juni sijapata kitu, na hakuna aliyeniita kunihoji. Nimekwenda kwa Afisa Ushirika wa wilaya, kisha kwa Mrajis Msaidizi wa mkoa, nikaambiwa chama kitaandikiwa. Mwenyekiti ananiambia nisubiri Mkutano Mkuu. Wapo wanaonishauri nijiuzulu ili nilipwe mafao yangu, na wengine wanasema niende mahakamani. Mimi pia ni mwanachama mwenye hisa katika chama hiki. Nishike njia ipi?

Msomaji, Chamwino.

JIBU: Ndugu msomaji, pole kwa yaliyokupata. Nitaanza na jambo ambalo haliwezi kungoja, kwa sababu naliona likiwaumiza watumishi wengi wa vyama vya ushirika kuliko hata tuhuma zenyewe: siku zako za kudai zinahesabiwa tangu haki yako ilipovunjwa, na hazisimami wakati unapozunguka kwenye ofisi za ushirika kutafuta suluhu.

Wewe ni mwajiriwa. Kwamba mwajiri wako ni chama cha ushirika na si kampuni hakubadilishi chochote. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inawahusu waajiriwa wote wa Tanzania Bara isipokuwa wale wa majeshi, yaani Jeshi la Wananchi, Polisi, Magereza na Jeshi la Kujenga Taifa. Kwa hiyo mgogoro wako wa mshahara na nidhamu unapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo watu wengi huiita CMA, na ambayo ina ofisi Dodoma mjini. Mrajis wa Vyama vya Ushirika ana mamlaka makubwa chini ya Sheria ya Vyama vya Ushirika ya mwaka 2013: anakagua, anachunguza, anaweza kuwaamuru waliotumia vibaya mali ya chama wairudishe, na migogoro ya wanachama kuhusu shughuli za chama hufikishwa kwake. Kukuamulia kama umesimamishwa kihalali, au kukukokotolea malimbikizo ya mshahara, si kazi yake. Barua atakayokiandikia chama inaweza kukusaidia kama kielelezo, lakini haiwezi kuchukua nafasi ya dai lililofunguliwa mahali panapostahili.

Hapa uanachama wako ndio unaowachanganya watu, pengine hata wewe mwenyewe. Ukiwa na lalamiko kuhusu hisa zako, malipo ya alizeti uliyouza kupitia chama, au haki yako ya kupiga kura katika Mkutano Mkuu, hilo ni suala la mwanachama na lina njia yake katika masharti ya chama, na baadaye kwa Mrajis. Mshahara ni suala la mtumishi. Usiyaweke mawili hayo katika barua moja, kwa sababu mwajiri atapata mwanya wa kusema kwamba mgogoro wote ni wa kiushirika na CMA haina mamlaka nao.

Sasa tuitazame barua yenyewe. Kanuni za Utendaji Bora, zilizotolewa kwa Tangazo la Serikali Namba 42 la mwaka 2007, zinamruhusu mwajiri kumsimamisha mtumishi pale zinapokuwapo tuhuma nzito za utovu wa nidhamu au kutomudu kazi, ili uchunguzi ufanyike. Lakini kanuni zinaeleza kwamba usimamishaji huo ni kwa malipo kamili, na kwamba mtumishi apewe barua inayotaja sababu pamoja na masharti ya kusimamishwa kwake. Barua yako imetaja sababu, ingawa kwa ufupi unaotia shaka: haisemi ni alizeti ya magunia mangapi, iliyopotea lini, wala kama ilipotea kwenye mzani, ghalani au njiani. Kosa lake kubwa ni nusu mshahara. Utaratibu wa nusu mshahara unafahamika katika utumishi wa umma, na nadhani ndiko wajumbe wengi wa Bodi wanakoutoa, hasa waliowahi kuwa watumishi wa Serikali. Kwa mtumishi wa AMCOS mwenye mkataba kama wako, aliyesimamishwa ili kupisha uchunguzi, hauna msingi. Unachodai kwa Machi ni shilingi 180,000 zilizobaki, na kwa Aprili hadi Juni ni shilingi 1,080,000. Jumla ni shilingi 1,260,000, pamoja na michango yako ya NSSF ya miezi hiyo, kwa sababu mshahara unaostahili kulipwa ni mshahara unaostahili kuchangiwa.

Liko pia swali la nani alikusimamisha. Mwajiri wako ni chama, na chama kikishaandikishwa kinakuwa na nafsi yake kisheria. Mwenyekiti peke yake si mwajiri. Omba kwa maandishi nakala ya muhtasari wa kikao cha Bodi kilichoamua usimamishwe, na usome masharti ya chama pamoja na kanuni za utumishi, kama chama kinazo, uone mamlaka hayo yamewekwa wapi na kama umewekwa ukomo wa muda wa kumsimamisha mtumishi. Kama hakuna kikao kilichokaa, hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo nakusihi usiifanye nguzo ya dai lako, kwa maana Bodi inaweza kukaa kesho na kubariki alichofanya mwenyekiti. Mshahara uliozuiliwa hauwezi kubarikiwa kwa namna hiyo.

Kuhusu kusubiri Mkutano Mkuu, hapana. Mkutano Mkuu ni kikao cha wanachama cha kupokea taarifa, kuchagua viongozi na kupitisha makisio ya chama. Nidhamu ya mtumishi ina utaratibu wake, nao umeelezwa vizuri katika kanuni nilizozitaja. Kwanza ufanyike uchunguzi. Ukionyesha kwamba lipo la kujibu, upewe mashtaka kwa maandishi, kwa lugha unayoielewa, na upewe muda wa kutosha kujiandaa usiopungua saa 48. Uitwe kwenye kikao cha nidhamu kinachoongozwa na mtu ambaye hakuhusika na tukio lenyewe. Uruhusiwe kufuatana na mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, uwaulize maswali mashahidi wao na ulete wako. Kwa karani wa mizani, maana ya haki hizi ni kwamba una haki ya kudai daftari la mizani, stakabadhi za mapokezi ya kila mkulima na hati za kutolea mzigo ghalani ziletwe mezani na kulinganishwa mbele yako. Alizeti hupungua uzito inapokauka; na kama mzani ulipita muda wake wa kuhakikiwa na Wakala wa Vipimo, au funguo za ghala zilishikwa na zaidi ya mtu mmoja, hayo ndiyo mambo ya kuyasema kwenye kikao hicho. Yaandike sasa, ungali unayakumbuka vizuri.

Nimekuahidi habari ya siku. Kwa mujibu wa Kanuni za Usuluhishi na Uamuzi, Tangazo la Serikali Namba 64 la mwaka 2007, mgogoro wa kuachishwa kazi hupelekwa CMA ndani ya siku 30 tangu kuachishwa au tangu mwajiri atoe uamuzi wa mwisho. Migogoro mingine yote, ukiwamo wa mshahara, hupelekwa ndani ya siku 60 tangu ulipotokea. Wewe hujaachishwa, kwa hiyo lako ni la siku 60. Ukihesabu tangu mwisho wa Machi, siku hizo ziliisha tarehe 30 Mei. Unaweza kujenga hoja kwamba kila mwezi unaopita bila mshahara ni mgogoro mpya, na hapo dai la Mei lina nafasi hadi tarehe 30 Julai na la Juni hadi tarehe 29 Agosti. Lakini mwajiri atabisha, na si busara kuegemea hoja hiyo peke yake. Fungua dai lako wiki hii, na pamoja nalo uwasilishe maombi ya kuongezewa muda kwa Machi na Aprili, yakiungwa mkono na kiapo kinachoeleza sababu ya kuchelewa bila kuacha pengo. Kusema tu kwamba ulikuwa ukizungumza na mwajiri mara nyingi hakukubaliki kuwa sababu ya kutosha. Ambatisha nakala za barua ulizowaandikia Afisa Ushirika na Mrajis Msaidizi, zenye mihuri ya kupokelewa, ili ionekane kwamba hukukaa kimya nyumbani. Kama ulikwenda kwa mdomo tu, eleza tarehe na uliyeonana naye.

Fomu ya kufungulia mgogoro ni CMA F1. Ijaze kwa utulivu, kwa kuwa madai mengi mazuri hukwama hapo. Jina la mlalamikiwa liwe jina kamili la chama kama lilivyo kwenye hati ya kuandikishwa, si jina la mwenyekiti na si jina la kijiji ambalo watu wamezoea kukiitia chama. Sehemu B ya fomu hiyo ni ya walioachishwa kazi peke yao, wewe iache. Ukiijaza utakuwa umedai kuachishwa isivyo halali wakati ajira yako ingali hai, na dai linaweza kutupwa kwa kuletwa kabla ya wakati. Katika aina ya mgogoro taja kuzuiliwa kwa mshahara wakati wa kusimamishwa kazi. Katika matokeo unayotaka andika malipo kamili, na kwamba mwajiri aidha aendeshe utaratibu wa nidhamu, aidha akurudishe kazini. Kabla ya kuipeleka CMA, mpe mwajiri nakala na upate uthibitisho kwamba ameipokea. Tume haitozi ada ya kufungua mgogoro, shauri litasikilizwa kwa Kiswahili, na unaweza kuwakilishwa na wakili, na kiongozi wa chama cha wafanyakazi kama wewe ni mwanachama wake, au na mwakilishi uliyemchagua mwenyewe.

Hatua ya kwanza itakuwa usuluhishi, ambao sheria imeupa siku 30 isipokuwa nyote mkubaliane kwa maandishi kuuongeza. Usikose siku hata moja ya kuitwa: mlalamikaji asipofika, shauri lake linaweza kufutwa. Msipopatana, shauri huenda kwa mwamuzi, ambaye hupokea ushahidi na kutoa tuzo, yaani uamuzi wake wa maandishi. Asiyeridhika na tuzo ana wiki sita za kuomba mapitio Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi. Wanaokuambia uende mahakamani moja kwa moja wanakurukisha ngazi, na wale wazee wanaokumbuka enzi za rufaa kwa Waziri wanazungumzia Sheria ya Usalama wa Ajira ya mwaka 1964, ambayo ilifutwa na sheria ya sasa.

Unaweza pia kumwona Afisa Kazi wa mkoa, ambaye ana mamlaka ya kukagua kumbukumbu za malipo na kumwamuru mwajiri atii sheria. Fanya hivyo ukiwa umeshafungua dai, kwa maana kumwona yeye nako hakusimamishi siku.

Usijiuzulu. Kiinua mgongo cha kisheria, ambacho ni mshahara wa msingi wa siku 7 kwa kila mwaka uliokamilika wa utumishi, kwa kiwango cha juu cha miaka 10, hulipwa mwajiri anapositisha ajira, nacho hakilipwi hata hapo ikiwa mtumishi ameachishwa kihalali kwa utovu wa nidhamu. Kwa miaka yako saba ni siku 49, ambazo utazitupa kwa saini moja. Ni kweli kwamba sheria inamtambua mtumishi aliyelazimika kuacha kazi kwa sababu mwajiri ameifanya isivumilike, na humhesabu kuwa ameachishwa na mwajiri. Lakini ni wewe utakayebeba mzigo wa kuthibitisha hilo, na nimewaona wengi wakishindwa. Wakikuachisha wao, utakuwa na siku 30 za kufungua dai jingine, safari hii ukijaza Sehemu B, na hapo unaweza kuomba kurejeshwa kazini, kuajiriwa upya au kulipwa fidia. Viwango vya fidia viliguswa na marekebisho ya sheria za kazi ya mwaka 2025, kwa hiyo usitumie kitabu cha zamani. Hata namba za vifungu zimehama katika Toleo la Sheria la mwaka 2023, ndiyo maana hapa nataja mambo bila kutaja vifungu.

SWALI: Mimi ni mtunza fedha wa SACCOS (chama cha ushirika wa akiba na mikopo) moja mkoani Singida, mwaka wa nne sasa. Baada ya ukaguzi wa kushtukiza ilionekana kwamba katika sanduku langu zimepungua shilingi 840,000. Meneja alinipa karatasi nisaini kwamba nakubali kukatwa, nami kwa hofu nikasaini ingawa kiasi hakikuwa kimeandikwa. Nimesimamishwa kazi, na mshahara wangu wa shilingi 480,000 unakatwa wote. Nina pia mkopo wa chama hichohicho. Je, hii ni halali?

Msomaji, Singida.

JIBU: Dada yangu, kukatwa mshahara wote si halali, hata kama ulisaini. Mwajiri anayetaka kufidiwa hasara kutoka kwenye mshahara lazima atimize masharti kadhaa kwa pamoja. Hasara iwe imetokea ukiwa kazini na kwa kosa lako. Awe amekueleza kwa maandishi chanzo chake, kiasi chake na jinsi alivyokikokotoa. Awe amekupa nafasi ya kutosha ya kupinga. Asikate zaidi ya hasara yenyewe. Na makato yasizidi robo ya mshahara. Robo ya mshahara wako ni shilingi 120,000. Hata kama deni lote lingekuwa sahihi, lingekatwa kwa muda wa miezi saba, nawe ukibaki na shilingi 360,000 kila mwezi za kulisha watoto.

Karatasi isiyo na kiasi inakosa kilicho cha msingi kabisa katika masharti hayo. Mwandikie meneja, nakala kwa mwenyekiti wa Bodi na kwa Kamati ya Usimamizi, ukieleza kwamba ulisaini kabla ya kuelezwa hesabu, kwamba unaiondoa ridhaa hiyo, na kwamba unaomba taarifa ya ukaguzi, orodha ya miamala ya siku hiyo na hati ya kuhesabia fedha iliyosainiwa mbele yako. Kama fedha zilihesabiwa wewe ukiwa umetolewa nje ya chumba, liseme hilo katika aya ya kwanza. Nakala ya barua ibaki kwako ikiwa na saini ya aliyeipokea.

Mkopo ni mkataba mwingine, uliouingia kama mwanachama. Omba kwa maandishi marejesho yako yapangwe upya kwa sababu mwajiri, ambaye ndiye mkopeshaji wako, amekuzuilia kipato. Usiache rejesho likose bila barua, kwani wadhamini wako watafuatwa. Makato ya mshahara yapeleke CMA ndani ya siku 60 tangu makato ya kwanza, kwa namna niliyomweleza msomaji wa Chamwino.

SWALI: Nilikuwa meneja wa AMCOS moja wilayani Kondoa. TAKUKURU wamenifikisha mahakamani kwa tuhuma za matumizi mabaya ya fedha za wakulima, na Bodi ikanisimamisha bila mshahara hadi kesi iishe. Baadaye Bodi hiyo nayo iliondolewa, na sasa ipo Bodi ya mpito inayosema haijui habari zangu. Je, bado nina mwajiri?

Msomaji, Kondoa.

JIBU: Unaye, ndugu msomaji. Bodi hubadilika, lakini aliyeingia nawe mkataba ni chama, nacho hakijafutwa. Bodi ya mpito imerithi mali na madeni ya chama, ukiwamo mshahara wako.

Kuhusu kesi ya jinai, Kanuni za Utendaji Bora zinamruhusu mwajiri kumsimamisha mtumishi aliyeshtakiwa mahakamani hadi uamuzi wa mwisho wa kesi na wa rufaa yake, lakini hapa pia kwa malipo kamili. Najua wakulima watalisikia hili kwa uchungu, kwamba mtu anayetuhumiwa kula jasho lao aendelee kulipwa nao. Hata hivyo tuhuma si hatia, na mwajiri aliye na ushahidi wake hana sababu ya kumwachia hakimu kazi ya kuulinda mshahara wa chama. Anaweza kuliharakisha shauri kwa kuwapa wapelelezi nyaraka na mashahidi mapema. Sheria ya mwaka 2004, kama ilivyotungwa, ilikataza pia mwajiri kumwadhibu au kumwachisha mtumishi kwa kosa lilelile analoshtakiwa nalo mahakamani kabla kesi haijamalizika. Mpe wakili wako asome kifungu hicho pamoja na marekebisho yaliyofuata, kisha akilinganishe na hati yako ya mashtaka, kwa kuwa ulinzi huo huhusu kosa linalofanana kwa kiini. Kama huna uwezo wa kumlipa wakili, waone watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Ofisi ya halmashauri yenu inaweza kukuelekeza waliko.

Barua yako ya madai iandike kwa jina la chama, kwa anuani yake iliyoandikishwa, ukiielekeza kwa mwenyekiti wa Bodi ya mpito. Ambatisha mkataba wako, barua ya kusimamishwa na hati ya malipo ya mwezi wa mwisho uliolipwa. Mpelekee nakala Mrajis Msaidizi, safari hii si kwa kumwomba akuamulie bali ili deni lako lionekane katika makabidhiano ya Bodi, maana deni lisiloandikwa kwenye taarifa ya makabidhiano ndilo ambalo Bodi mpya hukana kulifahamu.